Ninahariri video za harusi Dar es Salaam: je, ninaweza kuwa mhariri wa filamu Ujerumani?

Swali: "Nina umri wa miaka 26, na kwa miaka kadhaa sasa ninahariri video za harusi, sendofu na nyimbo katika studio moja ya Dar es Salaam. Hivi karibuni nilitazama filamu ya Kijerumani iliyopigwa Kenya, Nirgendwo in Afrika, ambamo baadhi ya watu wanazungumza Kiswahili, na mwishoni nikaona kwamba imehaririwa na mwanamke, Patricia Rommel. Tangu siku hiyo wazo halinitoki. Shangazi yangu anaishi Köln na yuko tayari kunipokea. Lakini mjomba anasema mhariri ni fundi tu wa kukata anachoagizwa na mwongozaji, kwamba hiyo ni kazi ya wanaume wa kompyuta, na kwamba akili mnemba itaimaliza kabla sijafika. Bosi wangu naye anasema ninachohitaji ni video nzuri ya sampuli yenye madoido. Nani anasema kweli? Wajerumani wenyewe hufikaje huko, na mimi nianzie wapi?"

Mdogo wangu, nimelisoma swali lako kwa makini, na ninavyolielewa, kinachokusumbua zaidi ni thamani ya kazi yenyewe. Kama mhariri ni mtu wa kuagizwa, kwa nini utoe miaka mingi ya ujana wako kujifunza lugha ngeni na kuanza chini katika nchi ya baridi? Na kama si wa kuagizwa, anafanya nini hasa ambacho wewe hujakifanya tayari kwenye video za harusi? Nitaanza hapo, kisha nije kwenye njia za kuingilia, fedha na visa, kwa sababu ushauri wa mambo hayo unategemea jibu la hili la kwanza.

Chukua onyesho la kawaida la tamthilia ya televisheni. Mume anarudi nyumbani jioni, anaketi mezani, anamwambia mkewe kwamba amefukuzwa kazi. Mwongozaji amelipiga onyesho hilo kutoka pande tatu au nne, na kila upande umerudiwa mara kadhaa. Mhariri basi ana uso wa mke katika hali tano tofauti: mara ameinamisha macho kwenye sahani, mara anamkazia mumewe macho, mara anaendelea kupakua wali kana kwamba hakusikia. Mhariri akimwacha mume amalize sentensi yake ndipo ahamie kwa mke, sisi watazamaji tunapokea habari pamoja na mke. Akihamia kwenye uso wa mke maneno mawili kabla ya neno "kazi", hadithi imeshabadilika, maana sasa tunamwona mwanamke aliyeshajua kinachokuja. Televisheni ya Ujerumani huenda kwa fremu 25 kwa sekunde. Mhariri akiondoa fremu sita tu kabla ya mke kujibu, yaani robo ya sekunde hivi, jibu linasikika kali, na akiziacha, jibu lile lile linasikika la huruma. Hakuna neno hata moja lililobadilika kwenye mswada, na wachezaji wameshalipwa na kwenda makwao.

Maamuzi ya namna hiyo ni maelfu katika filamu moja, na hakuna mwongozaji anayeweza kuyaagiza moja moja. Isitoshe, katika uzalishaji wa Kijerumani mhariri kwa kawaida huanza kazi upigaji picha ukiwa bado unaendelea: diski za jana zinafika asubuhi, msaidizi analinganisha sauti na picha kwa kibao kinachogongwa mwanzoni mwa kila picha, na mhariri anaanza kujenga onyesho peke yake huku mwongozaji akiwa bado uwanjani. Mwongozaji anapokuja kuketi chumbani anakuta toleo la kwanza limekwisha kuwepo, na mazungumzo yao yanaanzia kwenye maamuzi ambayo mhariri ameshayafanya. Ni kweli kwamba neno la mwisho si la mhariri. Lipo kwa mwongozaji, kwa mtayarishaji na, katika televisheni, kwa afisa wa kituo anayeidhinisha kazi. Mjomba wako ameona nani mwenye neno la mwisho, akadhani huyo huyo ndiye mwenye maneno yote ya kabla yake.

Ukitaka ushahidi wa jinsi uhariri unavyoweza kuzaa kazi tofauti kutoka malighafi moja, tazama Das Boot, filamu ya mwaka 1981 kuhusu nyambizi ya Kijerumani katika Vita vya Pili vya Dunia, iliyoongozwa na Wolfgang Petersen na kuhaririwa na Hannes Nikel. Toleo la sinema lina dakika 149, na ndilo lililompa Nikel uteuzi wa tuzo ya Oscar ya uhariri. Kutokana na picha zile zile kulitoka pia mfululizo wa televisheni wa karibu saa tano, na mwaka 1997 toleo jingine la sinema la saa tatu na nusu hivi. Ukiyatazama yote matatu utaona kwamba katika toleo fupi hofu ndiyo inayotawala, ilhali katika mfululizo kinachokulemea ni uchovu wa mabaharia na siku zisizo na tukio. Mhariri wa filamu na televisheni hutakiwa kuyamudu mapigo yote hayo mawili, na ndiyo sababu Wajerumani wengi wa fani hii hawajifungi upande mmoja.

Kuhusu kwamba ni kazi ya wanaume, mjomba amekosea kwa upande wa Ujerumani, na amekosea sana. Kwa miongo mingi vyumba vya uhariri vya Ujerumani vilijaa wanawake. Sababu yake haikuwa ya kupendeza: kazi hiyo ilihesabiwa kuwa ya mikono na uvumilivu, ya kuunganisha mikanda ya seluloidi kwa gundi na utepe, basi ikapewa wanawake kwa malipo madogo na sifa ndogo. Lakini wanawake hao ndio waliojenga filamu nyingi ambazo leo tunazitaja kwa majina ya waongozaji. Beate Mainka-Jellinghaus alihariri kazi za waongozaji Werner Herzog na Alexander Kluge miaka ya 1970, na mtu anayezisifu filamu hizo bila kumjua yeye anasifu nusu ya kazi.

Sasa tuje kwenye jinsi kazi hizi zinavyokua, maana hapa ndipo bosi wako anapokupotosha, japo kwa nia njema. Nitakupa mifano miwili, na wa kwanza nitakaa nao kidogo.

Juliane Lorenz alizaliwa mwaka 1957. Mwaka 1976, akiwa hajatimiza miaka 20, alikuwa mhariri msaidizi katika Chinesisches Roulette, filamu ya mwongozaji Rainer Werner Fassbinder, chini ya mhariri Ila von Hasperg. Msaidizi wa zama zile alipanga vipande vya filamu, aliandika namba, alitafuta fremu tatu zilizopotea kwenye kapu na kuziunganisha tena. Lakini alikuwa chumbani. Alisikia mwongozaji na mhariri wakibishana kwa nini onyesho fulani halisimami, akaona jibu lililopatikana. Miaka michache baadaye jina lake liko kwenye Die Ehe der Maria Braun ya mwaka 1979, pamoja na Fassbinder mwenyewe, aliyejiandika kama mhariri kwa jina la bandia la Franz Walsch. Kisha ikaja Berlin Alexanderplatz, mfululizo wa televisheni wa mwaka 1980 wenye sehemu 13 na hitimisho, jumla yake kama saa 15. Hebu fikiri: binti wa miaka 22 au 23, mdogo kuliko wewe ulivyo sasa, anabeba saa 15 za tamthilia kwa kituo cha umma. Fassbinder alitengeneza filamu kwa kasi ya kutisha, na mhariri wake alilazimika kuijua akili yake kiasi cha kuendelea na kazi huku yeye ameshaanza filamu nyingine.

Fassbinder alifariki Juni 1982 akiwa na miaka 37. Hilo ni jambo ambalo washauri wa kazi huwa hawalitaji: mhariri anayesimama na mwongozaji mmoja anaweza kubaki bila nguzo kwa siku moja. Lorenz aliendelea na wengine, akiwemo Werner Schroeter ambaye alimhariria Malina ya mwaka 1991, na tangu mwaka 1992 anaongoza taasisi inayotunza urithi wa Fassbinder. Mwaka 2007 Berlin Alexanderplatz ilionyeshwa kwenye tamasha la Berlin ikiwa imerekebishwa upya, baada ya miaka mingi ya watu kukumbuka kwamba ilipotoka kwenye televisheni picha zake zilikuwa na giza mno. Yaani kazi aliyoishika akiwa binti aliirudia akiwa mtu mzima, safari hii kama mlezi wake.

Mfano wa pili ni huyo uliyemtaja. Patricia Rommel alihariri Jenseits der Stille ya Caroline Link mwaka 1996, hadithi ya binti wa wazazi viziwi, ambamo sehemu kubwa ya mazungumzo ni ya lugha ya ishara. Link alipokwenda Kenya kupiga Nirgendwo in Afrika, iliyotoka mwaka 2001 na kupata Oscar ya filamu ya lugha ya kigeni mwaka 2003, mhariri alikuwa Rommel tena. Mwaka 2006 alihariri Das Leben der Anderen ya Florian Henckel von Donnersmarck, ambayo nayo ilipata Oscar kama hiyo. Mwongozaji huyo alipopata filamu kubwa ya kimataifa, The Tourist ya mwaka 2010, Rommel alikuwa mmoja wa wahariri wake wawili. Mmoja wa wachezaji wakuu wa filamu hiyo alikuwa Angelina Jolie, na Jolie alipoanza kuongoza filamu za hadithi mwenyewe, mhariri wa In the Land of Blood and Honey ya mwaka 2011 alikuwa Rommel. Mwaka 2017 akashiriki pia kuhariri First They Killed My Father, inayozungumzwa kwa Kikhmer. Sijui nani alimpigia nani simu, wala si lazima kujua. Mfuatano wa majina unajieleza. Kila kazi ilizaliwa na chumba cha kazi iliyotangulia.

Video ya sampuli yenye madoido haikuwa na nafasi popote katika mnyororo huo. Sampuli ya madoido inakuuza kwa mteja wa tangazo au wa wimbo, na kwa soko hilo bosi wako yuko sahihi kabisa. Mhariri wa tamthilia hupimwa kwa onyesho zima la dakika tano ambalo mtazamaji hakuona mkato wowote, na zaidi ya hapo hupimwa na watu waliokaa naye miezi mitatu katika chumba kisicho na dirisha bila kutamani kumkimbia. (Hili la mwisho si mzaha. Nimeona wahariri wenye mikono ya dhahabu wakikosa kazi kwa sababu hawawezi kusikia "hapana" bila kununa.)

Angalia pia lugha katika orodha ya Rommel: ishara, Kiswahili, Kibosnia, Kikhmer. Mhariri anaweza kuhisi mapigo ya lugha asiyoijua, lakini hawezi kujua kwamba mchezaji ameuma neno, kwamba sentensi imekatwa kabla ya kitenzi, au kwamba rudio la tatu lina heshima ambayo rudio la nne halina. Katika Nirgendwo in Afrika, mtoto anapozungumza na mpishi Owuor, aliyechezwa na Mkenya Sidede Onyulo, tofauti ya namna anavyomwita na kumjibu inasikika kwetu mara moja, wakati Mjerumani anasikia wimbo tu. Kwa hiyo chumba chochote cha Ujerumani chenye picha zilizopigwa Afrika Mashariki kinamhitaji mtu wa Kiswahili kando ya mhariri, wa kutafsiri, kuweka maandishi ya tafsiri na kuonya pale mkato unapoharibu maana. Sisemi kwamba kazi hizo ni nyingi, la hasha. Nasema kwamba ni mlango ambao Mjerumani wa rika lako hana, na mtu akishaingia chumbani, kitakachofuata kinategemea uwezo wake.

Njia rasmi za kuingilia ni mbili. Ya kwanza ni chuo. Filmuniversität Babelsberg iliyoko Potsdam, iliyoanzishwa mwaka 1954, inafundisha uhariri kama shahada kamili. Filmakademie Baden-Württemberg ya Ludwigsburg ina idara yake. Na Köln kwenyewe, mji wa shangazi yako, kuna shule ya filamu iitwayo ifs, yenye mkondo wa uhariri wa picha na sauti. Vyuo hivi huchukua watu wachache na huchagua kwa kazi walizotengeneza na kwa mahojiano. Faida yake kubwa ni wanafunzi wenzako wa uongozaji, ambao baada ya miaka kumi ndio watakaokuita. Masharti ya ada hutofautiana kati ya chuo na chuo na jimbo na jimbo, hivyo uliza kila kimoja kwa maandishi. Kwa visa ya mwanafunzi utatakiwa kwa kawaida kuonyesha fedha za kujikimu katika akaunti maalumu. Kiwango kilichowekwa mwaka 2024 ni euro 11,904 kwa mwaka, na hupandishwa mara kwa mara. Shangazi akitaka kukudhamini, kuna utaratibu wake wa kisheria anaoufuata katika ofisi ya wageni ya mji wake.

Ya pili ni mafunzo ya ufundi ya miaka mitatu, ambayo Wajerumani huyaita Mediengestalter Bild und Ton. Unakuwa mwajiriwa mwanafunzi katika kituo cha televisheni au kampuni ya uzalishaji, unakwenda shule ya ufundi kwa vipindi, na unalipwa posho kila mwezi. Zamani kulikuwa na mafunzo ya peke yake ya uhariri wa filamu na video, lakini tangu mwaka 2020 yameunganishwa humo. Njia hii haikupi marafiki waongozaji kama chuo, na wengi wanaoimaliza huishia kwenye habari, taarifa na vipindi vya burudani. Mimi siidharau hata kidogo. Inafundisha kasi, nidhamu ya faili na hali ya kutumwa saa kumi na moja jioni kazi inayoruka hewani saa moja. Köln ina makao ya WDR, kituo cha umma, na vituo vya binafsi, kwa hiyo nafasi za aina hii zipo huko kuliko miji mingi, ingawa waombaji nao ni wengi.

Ungeniuliza wewe binafsi, kwa umri wako na kwa uzoefu ulio nao, ningekuelekeza kwanza kwenye Kijerumani, kisha kwenye maombi ya njia zote mbili kwa mwaka mmoja, huku chuo kikiwa chaguo la kwanza. Miaka 26 si mingi kwa chuo cha filamu. Wengi huingia wakiwa wameshafanya kazi. Lakini lugha haina mkato. Kwa mafunzo ya ufundi kiwango cha B1, yaani cha kati, ndicho kinachotajwa mara nyingi kwa visa, ila mhariri anayesikia mazungumzo siku nzima na kubishana kuhusu sentensi moja hawezi kutulia chini ya C1, yaani kiwango cha juu. Goethe-Institut, taasisi ya lugha na utamaduni wa Kijerumani, ipo Dar es Salaam na Nairobi. Anzia hapo kabla hujakata tiketi.

Ipo pia njia ya kutoondoka, na nisingekutendea haki kuiacha. Mwongozaji wa Kijerumani Tom Tykwer na mshirika wake Marie Steinmann walianzisha One Fine Day Films, ambayo kwa miaka mingi imeendesha warsha Nairobi na kuzaa filamu kama Soul Boy, Nairobi Half Life na Supa Modo, ambako vijana wa Afrika Mashariki walifanya kazi, uhariri ukiwemo, wakisimamiwa na wataalamu kutoka nje. Mtu aliyepitia filamu ndefu moja ya namna hiyo anapeleka Babelsberg kitu ambacho harusi mia haziwezi kukipeleka. Kama huna filamu ndefu, tafuta mwongozaji wa Dar es Salaam mwenye filamu fupi isiyo na fedha, umharirie kwa makubaliano kwamba utakaa naye hadi toleo la mwisho, ukiandika ulichobadilisha na sababu yake.

Kuhusu akili mnemba, mjomba ana nusu ya ukweli, na nusu hiyo ni muhimu. Programu za leo zinaandika maneno ya mazungumzo zenyewe, zinatafuta picha na kulinganisha sauti kwa dakika chache. Kazi ya kuchagua uso wa mke pale mezani bado ni ya mtu, na sioni mwongozaji aliye tayari kuiacha. Kinachopungua ni saa za msaidizi, yaani ile ngazi aliyoipanda Lorenz. Kwa hiyo hatari iliyopo ni mlango wa kuingilia kuwa mwembamba, na hii ni sababu nyingine ya kupendelea chuo, ambako unakaa chumbani hata kama hakuna anayehitaji mtu wa kupanga faili.

Fedha nitaeleza kwa kifupi. Wahariri wengi wa tamthilia Ujerumani huajiriwa kwa muda wa uzalishaji mmoja tu, kwa malipo ya wiki, kisha hukaa bila kazi hadi simu nyingine ilie. Mfululizo wa upelelezi kama Tatort, unaoonyeshwa tangu mwaka 1970 Jumapili saa mbili na robo usiku, huwapa wengi riziki ya kuaminika kuliko sinema. Wanaojitegemea wanaweza kuomba kuingia mfuko wa hifadhi ya jamii wa wasanii, KSK, unaowalipia takriban nusu ya michango kwa namna ambayo mwajiri angefanya. Mgeni mwenye visa ya masharti asijiandikishe kama mtu wa kujitegemea kabla ya kuthibitisha kwamba kibali chake kinaruhusu.

Hapo ndipo ushauri wa maandishi unapoishia, maana kuna mambo yanayohitaji mtu wa kukutazama na kusoma karatasi zako. Ngazi yako ya lugha ipimwe na Goethe-Institut. Aina ya visa iulizwe ubalozi wa Ujerumani wenyewe, na wakala anayekuomba fedha kukuhakikishia nafasi ya mafunzo umkwepe. Mkataba wako wa kwanza usiusaini kabla haujasomwa na mshauri wa chama cha wafanyakazi cha ver.di au na chama cha wahariri, BFS, ambacho kina wanachama wasaidizi pia. Na kama shangazi anakualika kwa matembezi kwanza, omba yawe ya vuli, wakati Köln inapokuwa na Edimotion, tamasha la uhariri wa filamu, ambako wahariri huketi mbele ya watu na kueleza mikato yao mmoja mmoja. Nenda na kijarida, ukae mstari wa mbele, na uulize maswali kwa Kijerumani hata kama kinasuasua.